Ua la Boga na Asili ya Neno Mboga

Neno mboga tunalitamka kila siku, sokoni na jikoni, wala hatulidhanii kuwa na historia ndefu. Lakini katika kamusi ya Johnson iliyochapishwa 1939, neno hilo lina makazi mawili. Kuna mboga ambayo wingi wake haubadiliki, nayo ni kitoweo cha majani. Na kuna mboga ambayo wingi wake ni miboga, nao ndio mmea uzaao maboga. Kwa hiyo boga ni tunda la mboga, kama chungwa lilivyo tunda la mchungwa. Leo wengi wetu husema mmaboga. Litazameni neno hili jipya: ndani yake mna ma- ya wingi, na juu yake pamepachikwa m- ya mti. Tulimsahau mama aitwaye mboga, tukamuunda mama mwingine kutokana na wanawe.

Shina -boga ni la kale sana. Wanyarwanda na Warundi husema imboga, kwa maana ileile ya majani ya kupika, na wanaisimu hulihesabu miongoni mwa mashina ya lugha mame ya Kibantu. Mmea wenyewe, kinyume chake, ni mgeni. Maboga tunayoyajua asili yake ni bara la Amerika. Mbegu zilizofukuliwa katika pango la Guilá Naquitz, huko Oaxaca nchini Mexico, zinaonyesha kwamba wenyeji wa huko waliyalima yapata miaka 10,000 iliyopita. Kabla ya safari ya Columbus ya 1492, mwambao wetu na bara yetu vilikuwa na vibuyu, mung'unye na matikiti. Boga hili halikuwapo.

Hapa ndipo lugha inaponishangaza. Nanasi lilikuja na jina lake, likapokewa nalo kutoka kwa Wareno. Muhindi uliitwa kwa jina la watu wa ng'ambo, ingawa nao asili yake ni Mexico. Boga halikuitwa kigeni. Lilivikwa neno kongwe la kitoweo, na sababu yaelekea kuwa jikoni: mmea huu huliwa majani, ambayo bara twayaita msusa, kabla ya kuliwa tunda. Wahenga waliupa jina kwa kazi uliyoifanya chunguni, hawakuuliza ulikotoka.

Nimeyachimba haya kwa sababu ya ubishi ambao nimeusikia Mwanza zaidi ya mara moja, kwamba maua ya maboga yaliyojazwa na kukaangwa ni chakula cha Kizungu, tena kwamba hata kukizungumzia kwa Kiswahili ni kujitia makuu. Ni kweli Waitaliano huyapenda maua hayo, na mjini Roma huyajaza jibini na samaki wa chumvi. Lakini Waitaliano nao waliupata mmea huu baada ya 1492, kama sisi. Kama kuna wenye haki ya kudai hataza, ni watu wa Mexico, ambao huyatumia maua haya hadi leo. Kwetu, ua la boga huchumwa pamoja na msusa na kuishia katika chungu kimoja, likiungwa kwa karanga. Kulijaza na kulikaanga ni hatua moja tu kutoka hapo.

Nami hulipika hivi. Huamka mapema, maana ua la boga huchanua alfajiri na kunywea kabla ya adhuhuri. Huchuma maua dume, yenye kikonyo kirefu chembamba. Ua jike lina kiboga kidogo shingoni, nalo huliachia nyuki. Madume machache pia hubaki shambani, la sivyo majike hayatapata chavua. Ndani ya ua hung'oa kijiti cha chavua kwa ncha ya vidole, kisha hulikung'uta, kwa kuwa wadudu hupenda kulala humo. Cha kujazia ni minofu ya sangara au sato iliyochemshwa na kuchambuliwa miiba, ikachanganywa na kitunguu, pilipili, chumvi, ndimu na karanga za kutwanga. Ua hujazwa nusu tu, ncha za petali zikasokotwa. Unga wa dengu hukorogwa kwa maji uwe rojo kama la bajia. Ua huchovywa humo na kutiwa katika mafuta ya pamba au ya alizeti yaliyopata moto. Dakika chache zatosha. Likikaa zaidi, utamu wake mwepesi hupotea.

Sasa hesabuni wageni waliomo katika sahani hiyo. Boga ni la Amerika. Karanga nayo ni ya Amerika ya Kusini, lakini jina lake lafanana mno na kukaranga, umbo la kale la kukaanga, ambalo Wanyarwanda wanalo hadi leo: gukaranga. Bajia ilikuja na Wahindi, ikalihifadhi jina lake. Hata sangara si mwenyeji: aliingizwa katika Ziwa Victoria miaka ya 1950, akaenea kwa kishindo miaka ya 1980, akawamaliza furu wengi. Jina lake halikutoka mbali, kwani katika Ziwa Tanganyika samaki wa ukoo wake huitwa sangala. Naye akavikwa neno lililokwishakuwapo.

Washairi tuna desturi ya kulitafuta neno la asili kana kwamba asili ni mahali pa kuzaliwa. Okot p'Bitek wa Uganda, katika Song of Lawino (1966), alilifanya boga la boma la kale kuwa alama ya mila isiyopasa kung'olewa. Alama hiyo haipungui nguvu kwa kujua kwamba boga lilivuka bahari. Kwangu imezidi nguvu: kitu huwa cha asili pale watu wanapokilima, wakakila na kukitaja vizazi kwa vizazi.

Kutaja ndiko kunakopungua. Aniceti Kitereza wa Ukerewe aliyaandika maisha ya kisiwa chake katika riwaya aliyoimaliza kwa Kikerewe mwaka 1945, ikatoka kwa Kiswahili mwaka 1980. Mengi ya mashamba na vyakula vya huko yamesalimika kwa kalamu yake. Msusa bado una jina. Miboga imo hatarini. Ua lenyewe halina jina la pekee katika Kiswahili nikijuacho, bali twalielezea kwa maneno matatu. Mwenye jina la kwao, la Kisukuma, Kikerewe, Kijita au la pwani, na alilete liandikwe. Mwenye tungo naye na alitunge hivyohivyo: maua ya maboga yana mizani saba, na kipande cha mizani nane chadai moja tu.