Sauti ya Kuli wa Treichville

Katika makoloni ya Ufaransa barani Afrika, tangu mwaka 1934 hapakuwa na ruhusa ya kupiga picha za senema pasipo idhini ya serikali ya kikoloni. Mwafrika aliweza kuonekana katika picha. Kusema yake mwenyewe lilikuwa jambo jingine. Hata huku kwetu Tanganyika, picha zilizotengenezwa Vugiri, Usambara, kati ya mwaka 1935 na 1937 zilikuwa na wachezaji Waafrika, ila mafunzo yaliyomo yalikuwa yamekwisha kuamuliwa na wengine.

Kwa sababu hiyo yafaa tuitazame kwa makini filamu ya Moi, un noir, ambayo Mfaransa Jean Rouch aliipiga mwaka 1957 katika mtaa wa Treichville, mjini Abidjan. Rouch alikuwa akichunguza maisha ya vijana wa Niger waliohamia miji ya pwani kutafuta kazi. Vijana hao walijipa majina ya wachezaji senema: mmoja akajiita Edward G. Robinson, mwenziwe Eddie Constantine.

Kamera yenyewe ilikuwa ya kutiwa ufunguo mfano wa saa, nayo haikunasa sauti. Basi picha zilipokwisha kupigwa, Robinson, ambaye jina lake hasa ni Oumarou Ganda, aliketi kuzitazama akazisemea kwa Kifaransa cha mitaani, bila maandishi mbele yake. Hapo ndipo penye thamani ya filamu hii. Twamwona akibeba magunia bandarini kwa ujira wa kutwa. Twamsikia akijidai bondia hodari, akimwonea wivu baharia wa Kiitaliano aliyemchukulia mwanamke ampendaye, akikumbuka vita vya Indochina alikopelekwa kuwapigania Wafaransa. Pengine maneno hayalingani na picha. Hilo halidhuru, maana ndoto za kuli nazo ni habari za mji.

Hata hivyo si haki kumpa Rouch sifa zote. Mwaka 1965 Ousmane Sembène wa Senegali alimlaumu uso kwa uso kuwa awatazama Waafrika kama wadudu; ingawa filamu hii aliikubali, akisema kwamba Mwafrika naye angaliweza kuitengeneza, ila wakati ule hakuna aliyepata nafasi.

Nafasi hiyo Ganda aliitafuta mwenyewe, kwa kuwa hakuridhika na jinsi maisha yake yalivyoonyeshwa. Mwaka 1968 alitengeneza Cabascabo, akacheza mwenyewe kama askari arudiye Niamey kutoka Indochina na fedha tele, akazungukwa na marafiki mpaka fedha zilipokwisha. Mwaka 1972 filamu yake nyingine, Le Wazzou polygame, ilipata tuzo kuu katika tamasha la Ouagadougou. Alifariki mapema mwaka 1981, hajatimiza miaka hamsini, na tamasha hilo likaweka tuzo yenye jina lake kwa ajili ya kazi ya kwanza ya mtengenezaji filamu.