Gemu Ikigoma Kufunguka: Kila Kosa Lina Mwaka Wake

Wiki hii nimegongewa mlango mara nyingi kuliko mwenye duka la vocha. Swali ni lile lile: "Kaka, gemu ya mtandaoni inagoma kufunguka, nabonyeza inapotea, inaleta maneno tu. Nifanyeje?" Nimechoka kumjibu mmoja mmoja, kwa hiyo leo najibu wote kwa mpigo. Na kwa kuwa fani yangu ni historia, mtanivumilia, dawa itakuja kwa njia ya historia.

Ninachotaka kusema ni hiki. Yale maneno yanayotokea kwenye kioo si laana wala si kirusi. Ni kama waraka wa kale: yana mwaka yaliyozaliwa na sababu yake. Ukiujua mwaka, dawa unayo nusu tayari.

Kwa nini nalivalia njuga jambo la gemu? Kuna mshkaji hapa hosteli gemu yake iliandika kwamba faili la d3dx9_43.dll halipo. Akaipeleka laptopu kwa fundi mmoja wa mjini, fundi hakusoma hata mstari, akampigia Windows upya na kufuta kila kitu. Bumu likaenda, na sura mbili za utafiti wake zikaenda nalo. Kurudi chumbani, gemu ikaleta maneno yale yale. Kilichokosekana kilikuwa faili moja tu!

Sasa tuanze na faili hilo. Mwaka 1995 Microsoft walitoa DirectX, yaani daraja kati ya gemu na kadi ya picha. Kabla ya hapo kila mtengeneza gemu alihangaika mwenyewe na kila aina ya kadi. DirectX 9 ilitoka 2002, na kuanzia 2005 sehemu yake moja ikawa inatolewa kwa mafaili yenye namba, kutoka 24 hadi 43. Lile la 43 ni la Juni 2010, toleo la mwisho. Windows zilizofuata haziji na mafaili hayo, watengenezaji wanategemea utayashusha mwenyewe. Kwa mtu wa Ulaya, furushi la karibu MB 100 ni kupepesa jicho. Kwa kijana wa kwetu Simiyu ni bando la kufikiria mara mbili. Ndiyo maana gemu za kuhamishwa kwa flashi zinafika kijijini bila vifaa vyake, kama trekta lililoshushwa bila jembe.

Kosa la aina ya pili lilizaliwa 2003 na 2004. Septemba 2003 Valve walizindua Steam. Novemba 2004 wakatoa Half-Life 2, na hata ukiinunua kwenye diski dukani, ilibidi kompyuta iingie mtandaoni kwanza ithibitishwe. Hapo ndipo mlango wa gemu ulipohama kutoka kwenye diski yako kwenda kwenye seva ya mtu mwingine.

Wakati huo sisi tulikuwa wapi? Tanzania ilishachelewa kidogo: kompyuta ya kwanza ilifungwa Wizara ya Fedha 1965, lakini 1974 serikali ikapiga marufuku kuingiza kompyuta nchini, na marufuku hiyo ikaja kulegezwa baadaye sana. Intaneti iliingia katikati ya miaka ya 1990, na pwani yote ya Afrika Mashariki ilitegemea setilaiti. Setilaiti hizo zinakaa karibu km 36,000 juu ya ikweta. Fanya hesabu: ujumbe unapanda, unashuka, jibu linapanda, linashuka. Hata kwa kasi ya mwanga ni karibu nusu sekunde, kabla seva haijafikiri chochote. Kwa barua pepe si neno. Kwa gemu ya kurushiana risasi, umeshakufa kabla hujamwona adui. Na mara nyingi gemu haifiki hata huko, inasubiri seva, inachoka, inajifunga na kukuambia haikupata muunganisho.

Ndiyo maana vijana wa zama zile walizoea gemu zisizohitaji mtandao. Kwetu kibanda cha gemu kilikuwa televisheni moja, pedi mbili na foleni ya watoto wenye sarafu mkononi. Haikuwa ushamba, jamani. Ilikuwa ni kuchagua kinachofanya kazi.

Mambo yaligeuka Julai 2009, waya wa SEACOM ulipotua Dar es Salaam kupitia baharini. EASSy ukafuata 2010, na Mkongo wa Taifa ukaanza kusambaza njia hiyo mikoani. Simiyu yenyewe ilikuja kuwa mkoa 2012, makao makuu Bariadi. Lakini waya nao si muujiza. Tarehe 12 Mei 2024 EASSy na SEACOM zilikatika kwa pamoja karibu na pwani ya Afrika Kusini, na Tanzania ikawa miongoni mwa nchi zilizoumia. Siku kama hiyo hata upige Windows mara saba, gemu haifunguki. Tatizo liko chini ya bahari.

Na wakati mwingine tatizo ni la wenye gemu wenyewe. Mei 2012 Diablo III ilipotoka, wachezaji dunia nzima walikutana na kosa namba 37: seva zimezidiwa. Marekani hawakuingia, Ulaya hawakuingia. Siku hiyo sote tulikuwa sawa.

Kosa la aina ya tatu ni la juzi juzi. Valorant ilitoka 2020 na mlinzi wake Vanguard wa kukamata wezi wa mchezo. Windows 11 ilipokuja 2021, mlinzi huyo akaanza kudai chipu ya usalama ya TPM 2.0, na ukikosa anakuletea VAN 9001. Halafu Steam wakaacha kuhudumia Windows 7 na 8 kuanzia Januari 2024. Hapa ndipo penye uchungu, maana laptopu nyingi za wanafunzi ni za mtumba. Kompyuta ni nzima kabisa, inaandika, inapiga hesabu, ila mlango umebadilishwa kufuli.

Basi, kwa wale wavivu wa kusoma, fuateni mpangilio huu:

1. Soma maneno yote na uyapige picha. Usibonyeze sawa haraka haraka.
2. Angalia saa na tarehe. Laptopu ya zamani ikifa betri ndogo ya ndani, inarudi miaka mingi nyuma, na seva inakataa kuiamini. Hii ni bure kabisa kurekebisha.
3. Likitajwa faili la d3dx9, weka DirectX ya Juni 2010. Likitajwa MSVCP140 au VCRUNTIME140, weka Visual C++. Chukua kwa Microsoft wenyewe, siyo kwenye tovuti za mafaili ya kuokota.
4. Gemu ikisema haipati seva, jaribu intaneti ya simu. Ikikubali, basi mtandao wa chuo ndio umefunga njia. Ikikataa pia, ulizia kama seva ziko hewani.
5. Sasisha draiva ya kadi ya picha, kisha iambie Steam ihakiki mafaili ya gemu. Inashusha yaliyoharibika tu, bando linapona.
6. Ikidai TPM, angalia kwanza kwenye mipangilio ya BIOS. Chipu mara nyingine ipo ila imezimwa.

Kupiga Windows upya ni hatua ya mwisho kabisa, na kabla ya hapo utafiti wako uwe umeshalala kwenye flashi ya mtu mwingine. Nawaombeni sana hilo. Gemu itashushwa tena, ila wale wazee uliowahoji kijijini likizo iliyopita huwezi kuwashusha.

Haya, kipindi cha saa nane kinaniita. Tuonane wiki ijayo.