Aliyeingizwa Mjini

Kariakoo mtu hununua simu mpya, akifungua boksi nyumbani anakuta mche wa sabuni. Majirani humcheka: ameingizwa mjini. Msemo huo nilikuwa nao kichwani nilipoufuata Mtaa wa Uhuru hadi Mnazi Mmoja, nikiandama nyayo za mtu aliyeingizwa mjini mbele ya kamera, mwanzoni mwa miaka ya 1950.

Ni Rashidi Mfaume Kawawa. Naam, Simba wa Vita mwenyewe. Mzaliwa huyo wa Songea, aliyesoma Tabora, alikuwa mtumishi wa serikali ya kikoloni katika maendeleo ya jamii. Serikali ikashirikiana na African Film Productions ya Johannesburg kutengeneza filamu za Kiswahili, na Kawawa akawa nyota wake. Katika Muhogo Mchungu ni mshamba anayeingia Dar es Salaam akaliwa na wajanja. Akacheza pia Chalo Amerudi. Mkoloni alikuwa na lake: mji una meno, shikeni majembe. Hakusikilizwa, Kariakoo ilizidi kufurika.

Ukingoni mwa Mnazi Mmoja bado lipo jengo la Anatoglo, lenye jina la Mgiriki George Arnautoglu. Lilijengwa liwe kituo cha jamii, mambo yaleyale ya akina Kawawa, lakini Aprili 1953 ndimo Nyerere alimochaguliwa rais wa Tanganyika African Association (TAA). Majengo nayo hubadili uhusika.

Kule Mexico, Cantinflas, bingwa wa kuigiza kabwela wa mjini, aliongoza chama cha waigizaji. Wetu alikwenda mbali zaidi. Mwaka 1955 alikuwa katibu mkuu wa shirikisho la vyama vya wafanyakazi, na Januari 1962 akawa waziri mkuu. Alirudi kwenye cheo hicho 1972 hadi 1977, miaka ya Operesheni Vijiji, ya kuwahamishia watu vijijini. Hapo ndipo ninapotabasamu: Muhogo Mchungu sasa yuko serikalini, na wimbo ni uleule, maisha yako kijijini.

Alifariki tarehe 31 Desemba 2009, akazikwa Madale. Siasa yake imeandikwa vya kutosha, uigizaji wake umeachwa kama kichekesho cha ujanani. Ninyi mnaoianza historia ya filamu zetu na Girlfriend ya 2003, rudini nyuma nusu karne.