Chakula Kilichomgeuza Askari



Sisi wa Lubutu tunawajua askari. Barabara ya Kisangani na Bukavu inapita kwetu, na mwaka 1997 vita ilifika Tingi-Tingi, hapa karibu. Hata leo tukiona kijana mwenye bunduki, wengi wetu tunafunga mlango. Basi tusikie habari ya askari mmoja wa Afrika yetu.

Jina lake ni Pakomi, Mmisri, mtoto wa wazazi walioabudu sanamu. Karibu na mwaka 312, akiwa na miaka 20 hivi, serikali ya Roma ilimkamata kwa nguvu awe askari. Yeye na wenzake walifungiwa katika mji wa Tebe wasitoroke. Jioni, watu wasiowajua wakawaletea chakula. Pakomi akauliza: hawa ni nani? Akaambiwa ni Wakristo, watu wanaomtendea mema hata mgeni. Usiku ule akaomba, akaahidi kwamba akifunguliwa atamtumikia Mungu huyo na kuwahudumia wanadamu.

Vita ikaisha, akaachiliwa, akabatizwa. Hakutafuta mali wala cheo. Alimfuata mzee Palamoni mahali pa upweke, akakaa naye miaka kama saba katika maombi, kufunga, kukesha na kazi ya mikono.

Sisi hatuna desturi ya kuhamia jangwani, lakini tunajua kupanda mlimani kuomba. Tuangalie basi: upweke haukumsahaulisha ahadi yake. Karibu na mwaka 323 alianza huko Tabenisi nyumba ya ndugu walioishi pamoja, wakiomba, wakilima, wakisuka mikeka. Alipokufa kwa tauni, katika miaka ya 340, nyumba za wanaume zilikuwa tisa, na za wanawake mbili.

Na wale walioleta chakula? Hakuna anayejua majina yao. Hawakuuliza kama askari anastahili. Walitii tu neno la Bwana katika Matayo 25, habari ya mwenye njaa na mfungwa.

Wapendwa, katika makanisa yetu wako vijana walioacha bunduki. Wanakaa benchi ya nyuma, na ibada ikiisha hakuna anayewasalimia. Jumapili hii, nani kati yetu atamwita mmoja nyumbani, ale wali na sombe pamoja na watoto wetu? Huenda Mungu anangojea sahani hiyo.

Amina.