Jina Lililotoka kwa Akina Mama: Maisha na Kazi ya Daktari Cicely Williams (1893–1992)

Ugonjwa wa unyafuzi hujulikana katika vitabu vya tiba duniani kwa jina la kwashiorkor. Jina hilo halikutungwa katika chuo kikuu cha Ulaya. Lilitoka vinywani mwa akina mama wa kabila la Ga huko Accra, na aliyelisikiliza na kuliandika alikuwa daktari mwanamke.

Cicely Delphine Williams alizaliwa Jamaika mwaka 1893. Alisoma Oxford, akahitimu udaktari mwaka 1923, na mwaka 1929 serikali ya kikoloni ilimpeleka Gold Coast, yaani Ghana ya leo. Huko aliwaona watoto waliokwisha kuachishwa ziwa wakivimba miguu, ngozi ikibanduka na nywele zikipoteza weusi wake. Wengi wao walikufa. Daktari Williams aliwauliza wanawake wa mahali hapo ugonjwa huo waliuitaje. Jibu lao lilibeba ndani yake maelezo ya chanzo: ni ugonjwa wa mtoto anayeondolewa kifuani mwa mama mdogo wake anapozaliwa. Mtoto huyo alikuwa ameacha maziwa ya mama na kubaki na uji wa mahindi.

Mwaka 1933 alichapisha uchunguzi wake, na mwaka 1935 akalitumia jina la Kiga katika jarida la Lancet. Daktari Stannus, bingwa wa siku zile, alimpinga akidai kuwa ugonjwa huo ni pelagra tu. Ubishi ulidumu miaka mingi. Hata hivyo, mwaka 1954 Hugh Trowell, daktari wa Mulago nchini Uganda ambaye baadaye aliwekewa mikono kuwa kasisi, alitoa pamoja na wenzake kitabu chenye jina hilo hilo. Leo wataalamu wanakubali kwamba upungufu wa protini peke yake hauelezi kila kitu katika ugonjwa huu. Lakini jina la akina mama limebaki.

Kutoka Afrika alihamishiwa Malaya mwaka 1936. Mwaka 1939, akihutubia watu mashuhuri wa Singapore, alisema wazi kwamba kuwashawishi akina mama waache kunyonyesha na kutumia maziwa matamu ya kopo ni sawa na kuua. Vita vilipofika alifungwa na Wajapani hadi mwaka 1945, na kwa sehemu ya kifungo hicho alikuwa katika gereza la Changi. Mwaka 1948 akawa mkuu wa kwanza wa idara ya afya ya mama na mtoto katika Shirika la Afya Duniani.

Katika Marko 10:13–16 wanaokemewa na Bwana ni wanafunzi wake, waliowazuia wale waliowaleta watoto. Walikuwa karibu naye kuliko wote, lakini hawakuwasikia waliokuja. Bingwa aliyempinga Williams naye hakukosa elimu. Alichopuuza ni ushahidi wa wanawake wasiosoma. Jambo hili latuhusu sisi tuliofundishwa kusema madhabahuni. Mchungaji aendapo kumwombea mtoto mchanga, na amwulize mama habari za yule aliyetoka kuacha ziwa: anakula nini, na analala wapi. Kisha anyamaze, asikilize jibu.