Ukikamatwa Kisenyi: haki zako na wajibu wako mbele ya sheria

Wakazi wengi wa Kisenyi, wakimbizi na wenyeji, wakishikwa na polisi hukimbilia kutafuta pesa kabla hata ya kuuliza kosa ni nini. Kabla hujafanya hivyo, fahamu kwamba sheria ya Uganda inakubana wewe, na inambana pia ofisa aliyekukamata.

Je, mkimbizi ana haki sawa na raia?

Si zote. Katiba ya Uganda ya 1995 inatofautisha haki za raia na haki za kila mtu. Kupiga kura, kwa mfano, ni haki ya raia peke yake. Lakini uhuru wa mwili, kutoteswa na kusikilizwa kwa haki mahakamani ni vya kila mtu. Ibara ya 20 inasema haki za msingi mtu huzaliwa nazo. Hazitolewi na serikali. Kwa hiyo ukidai haki hizi kituoni, huombi msaada.

Polisi wanatakiwa kufanya nini?

Chini ya Ibara ya 23 ya Katiba:
- Wakuambie sababu ya kukukamata, kwa lugha unayoielewa.
- Wakueleze kwamba una haki ya kuwa na wakili unayemchagua.
- Ukiomba, ndugu zako wajulishwe haraka uko wapi.
- Uruhusiwe kuonana na ndugu, wakili na daktari.
- Kama hujaachiliwa, ufikishwe mahakamani mapema iwezekanavyo, na isizidi saa 48 tangu ulipokamatwa.

Kukupiga ili ukiri kosa ni uhalifu chini ya Sheria ya Kuzuia Utesaji ya 2012. Mahakamani, utahesabiwa huna hatia hadi kosa lithibitishwe au ulikiri mwenyewe. Kama huelewi lugha inayotumika, utapewa mkalimani bila malipo.

Je, dhamana inalipiwa?

Dhamana ya polisi ni bure. Mdhamini wako aje na kitambulisho, na ikiwezekana barua ya mwenyekiti wa LC1. Dhamana ya mahakama ni tofauti: hakimu anaweza kuagiza uweke pesa, ambazo hurudishwa kesi ikiisha kama ulitimiza masharti. Malipo ya mahakama hufanyika benki na hupewa risiti. Usimpe mtu pesa mkononi.

Kumbuka: dhamana haifuti kesi. Rudi tarehe uliyopangiwa, la sivyo unaweza kukamatwa tena na mdhamini wako akaingia matatani.

Wewe unatakiwa kufanya nini?

Sheria ya Wakimbizi ya 2006 inakuruhusu kutembea na kufanya kazi nchini, na inakataza kukurudisha mahali ambapo maisha au uhuru wako uko hatarini. Sheria hiyohiyo inakutaka utii sheria zote za Uganda na usijihusishe na siasa za nchi. Tembea na kitambulisho chako cha mkimbizi. Kama una duka, kata leseni ya biashara KCCA. Kuchuuza barabarani bila kibali ni kosa kwa mkimbizi na kwa mwenyeji vilevile.

Ukikamatwa, usikimbie wala kupigana. Toa jina lako la kweli. Usitie sahihi maelezo ambayo hujasomewa ukayaelewa. Ndugu zako waandike jina la kituo, jina la ofisa, tarehe na saa. Saa 48 haziwezi kuhesabiwa kama hakuna anayejua zilianza lini.

Utapata wapi msaada?

- Refugee Law Project hutoa msaada wa kisheria kwa wakimbizi bila malipo.
- Tume ya Haki za Binadamu ya Uganda hupokea malalamiko ya raia na wasio raia. Ikithibitisha kuwa haki imevunjwa, inaweza kuamuru mtu aachiliwe au alipwe fidia.
- Ukitishiwa kurudishwa nchini kwako, wajulishe mara moja UNHCR na Ofisi ya Waziri Mkuu (OPM).

Maelezo haya ni ya jumla. Kwa kesi yako mwenyewe, muone wakili.