Seu Jorge: Sinema Ilivyoibeba Samba Yake

Nje ya Brazil, wengi walimjua Seu Jorge kwa sura kabla ya kumjua kwa sauti. Ndiye Mané Galinha katika "Cidade de Deus", filamu ya 2002 ya Fernando Meirelles na Kátia Lund: mtu mpole anayeshika bunduki baada ya jambazi kuua watu wa familia yake. Maisha ya mitaa inayoonyeshwa humo hakusimuliwa tu. Jorge Mário da Silva alizaliwa mwaka 1970 Belford Roxo, pembezoni mwa Rio de Janeiro. Ndugu yake aliuawa, familia ikatawanyika, naye akaishi bila makazi kwa takriban miaka mitatu.

Tamthilia ya muziki ndiyo iliyomtoa huko. Alijaribiwa, akafaulu, akabaki na kundi la maigizo la Chuo Kikuu cha Jimbo la Rio. Kwa hiyo wanaodai kwamba ni mwimbaji aliyedandia sinema wanageuza historia. Yeye na Gabriel Moura walikuwa miongoni mwa waanzilishi wa bendi ya Farofa Carioca, iliyotoa "Moro no Brasil" mwaka 1998. Mwaka 2001 akatoka peke yake na "Samba Esporte Fino".

Kisha akaja Mmarekani Wes Anderson. Katika filamu yake ya 2004, "The Life Aquatic with Steve Zissou", Jorge ni baharia mwenye kofia nyekundu, na kazi yake kubwa melini ni kuimba nyimbo za David Bowie kwa Kireno, kwa gitaa tupu. Muziki aliuheshimu; maneno aliyapindua alivyotaka, na mara nyingi hayana uhusiano wowote na ya Bowie. Mwenye nyimbo hakununa, bali alimsifu hadharani. Bowie alipofariki Januari 2016, Jorge alizunguka majukwaani na nyimbo hizo, akiwa pia na msiba wa baba yake, aliyefariki siku chache baada ya Bowie.

Mzigo mzito zaidi ulikuwa kumwigiza Marighella katika filamu "Marighella" ya Wagner Moura, kuhusu mpigania uhuru aliyeuawa na polisi wa utawala wa kijeshi wa Brazil mwaka 1969. Ilionyeshwa Berlin mwaka 2019, lakini Wabrazil wakaisubiri sinemani hadi Novemba 2021. Wapo waliolalamika kwamba Jorge ni mweusi kuliko Marighella mwenyewe. Lalamiko jepesi, kwa maoni yangu, kwani mama yake Marighella alikuwa mzao wa Waafrika waliouzwa utumwani.

Anayetaka kumsikiliza kwa mara ya kwanza asianzie kwa Bowie. Aanze na "Samba Esporte Fino".